Tutaulizwa au Tutatangaziwa?

Wiki hii ni ya giza, mwezi haujatoka, kwa hiyo najua wengi wenu mnanisikiliza huku mkipakia taa na nyavu kwenye mitumbwi. Nendeni salama, mrudi na dagaa.

Nimetaja dagaa kwa sababu mazungumzo ya leo yalianzia kwenye dagaa. Jumamosi iliyopita nilikwenda Soko la Nyasho, hapa Musoma, kwa mama ninayenunua kwake siku zote. Nikamkuta ana mteja mwingine, mwanamke wa makamo aliyejifunga kitenge, na Kiswahili chake ukikisikia tu unajua ametoka ng'ambo ya mpaka wa Sirari. Alikuwa akipimiwa kwa sado. Kila sado ikijaa, muuzaji anaongeza kiganja kimoja juu, kisha cha pili, hadi dagaa wanaanza kumwagika kwenye turubai, na mteja anasema "bado, bado kidogo." Wakacheka. Malipo yakatoka kwa noti za Kenya, chenji ikarudi kwa noti zetu, hesabu yote imefanyika kichwani na hakuna aliyeuliza bei ya kubadilisha fedha.

"Huyu ni wifi yangu," muuzaji akaniambia. "Kaka yangu kaoa kwao, na sasa kahamia hukohuko."

Pembeni alikuwepo kijana wa bodaboda anayesubiri mzigo. Akanitazama, akaniambia, "Kaka, si wewe ndiye wa redioni? Hebu niambie. Lile shirikisho la Afrika Mashariki wanalolisema miaka yote, likija kweli, sisi tutaulizwa au tutatangaziwa?"

Kabla sijafungua mdomo, wifi mtu akadakia: "Sisi kwetu tutapiga kura."

Muuzaji akaacha sado hewani. "Na sisi je?"

Nikakohoa kidogo. Nikasema nitajibu redioni. Mtangazaji aliyebanwa hana pengine pa kukimbilia. Nikarudi nyumbani nikafungua Katiba.

Nianze na huyo wifi, maana alisema kweli. Katiba ya Kenya ya mwaka 2010, ibara ya 255, imeyataja mambo ambayo Bunge lao peke yake haliwezi kuyabadilisha: ukuu wa Katiba yenyewe, eneo la nchi, mamlaka ya wananchi, kipindi cha Rais na mengineyo. Ukiyagusa hayo, lazima urudi kwa mpiga kura. Na haitoshi wengi waseme ndiyo. Katika angalau nusu ya kaunti zao, lazima moja ya tano ya walioandikishwa wawe wamejitokeza kupiga kura. Sasa niambieni, shirikisho lenye Rais mmoja na Katiba moja litapita wapi bila kugusa mamlaka ya wananchi na ukuu wa Katiba? Uganda nao wana ibara ya 260 inayofanya kazi ya namna hiyo, inalinda ibara zao za kwanza kabisa zinazosema mamlaka ni ya wananchi.

Na si majirani tu. Humu humu ndani ya Jamhuri ya Muungano, Zanzibar mwaka 2010 waliongeza kwenye Katiba yao ibara ya 80A, inayotaka kura ya maoni kabla ya kubadilisha baadhi ya vifungu vikubwa. Kwa hiyo Mzanzibari ana kinga hiyo katika Katiba yake.

Sisi wa Nyasho, wa Bunda, wa Butiama, tuna ibara ya 63 ya Katiba ya Jamhuri ya Muungano ya mwaka 1977. Inasema Bunge ndilo litakalojadili na kuridhia mikataba inayohitaji kuridhiwa. Halafu ipo ibara ya 98, juu ya kubadilisha Katiba yenyewe. Mambo mazito kuliko yote, likiwamo la kuwapo kwa Jamhuri ya Muungano, yanahitaji theluthi mbili ya wabunge wa Tanzania Bara na theluthi mbili ya wabunge wa Zanzibar. Hapo ndipo mwisho. Ukiisoma Katiba hiyo kutoka mwanzo hadi mwisho ukitafuta mahali mwananchi anapoulizwa moja kwa moja ndiyo au hapana juu ya jambo la nchi, utachoka macho. Hakuna.

Basi ukoo mmoja, mto mmoja, ng'ombe wa mahari wanavuka mpaka kwenda na kurudi; Wakurya wako Tarime na wako ng'ambo, Wajaluo wako Rorya na wako ng'ambo. Siku ya shirikisho, ndugu wa kule atapanga foleni na kitambulisho mkononi, na wa huku atawasha redio.

Najua kuna wanaotikisa kichwa huko waliko. "Sasa unataka tupige kura kwa kila mkataba? Nchi itaendeshwa na nani?" Hapana, siombi hivyo, na ningekuwa mbunge ningepinga. Mwaka 1994, Tanzania, Kenya na Uganda zilitia saini kule Kisumu mkataba wa kuanzisha chombo cha pamoja cha uvuvi wa Ziwa Victoria. Unagusa chakula chetu kila siku, unagusa ukubwa wa macho ya nyavu, unamgusa sangara na bondo lake. Lakini mkataba ule haukumhamisha mwenye nyumba. Ukitukera, mbunge wetu bado yupo, waziri wetu bado yupo, tunaweza kuwabana. Mikataba ya namna hiyo Bunge liichambue, liipitishe au liikatae, na sisi tuendelee na kazi.

Ninaousema mimi ni mkataba unaohamisha neno la mwisho. Watu wa ziwani mtanielewa upesi. Mtumbwi ukirudi asubuhi, mapato hayagawanywi ovyo. Mafuta hutolewa kwanza, kisha mwenye mtumbwi na wavuvi wanagawana kama walivyopatana. Mwenye mtumbwi akibadilisha aina ya taa, haitishi mkutano. Lakini akisema kuanzia kesho mtumbwi huu unaungana na mitumbwi ya fulani, na wa kuamua gharama za nani zitolewe kwanza si mimi tena, nani atakubali kupanda usiku huo bila kuulizwa? Hata mchota maji chomboni atataka kusema lake.

Na huo mkataba mkubwa, jamani, si wa kuja. Nusu yake tumeshaimeza. Mkataba wa kuanzisha Jumuiya ya Afrika Mashariki ulitiwa saini Arusha tarehe 30 Novemba 1999, siku 47 baada ya Mwalimu Nyerere kufariki, udongo wa kaburi lake pale Butiama bado mbichi. Ukaanza kufanya kazi Julai 2000. Ibara yake ya 5 imepanga ngazi nne: umoja wa forodha, soko la pamoja, umoja wa fedha, na mwisho kabisa shirikisho la kisiasa. Forodha ilianza 2005. Soko la pamoja likaanza Julai 2010. Itifaki ya umoja wa fedha ilitiwa saini Novemba 2013, sarafu yenyewe bado tunaisubiri, ndiyo maana mama wa dagaa anahesabu noti za aina mbili. Mei 2017 wakuu wa nchi wakasema tuanze na konfederesheni kwanza, yaani ushirika ambamo kila nchi inabaki na dola lake, na wataalamu wakiongozwa na Jaji Mkuu mstaafu wa Uganda, Benjamin Odoki, wakapewa kazi ya kuiandikia Katiba. Wataalamu hao wamekuwa wakizunguka nchi wanachama kukusanya maoni. Kukusanya maoni ni jambo jema. Lakini maoni huandikwa kwenye daftari la mtu mwingine, na mwenye daftari ndiye anayechagua lipi linaingia.

Sisi wa Mara tunalijua hilo la kuunganishwa na kutenganishwa kuliko wenzetu wengi. Juni 5, 1963, Nyerere, Kenyatta na Obote walitangaza Nairobi kwamba wataunda shirikisho mwaka huo huo. Halikuundwa. Miaka mitatu nyuma Mwalimu alikuwa ameshasema yuko tayari uhuru wa Tanganyika ucheleweshwe ili tutoke pamoja na majirani. Juni 1967 ikaja Jumuiya ya kwanza, mkataba ukatiwa saini Kampala, reli moja, posta moja, ndege moja. Mwaka 1977 ikafa. Mpaka ukafungwa, ukaja kufunguliwa mwaka 1983. Waulizeni wazee wa Sirari miaka hiyo sita ilikuwaje: msiba unasikika ng'ambo, na wewe unaulizia njia ya panya ukamzike mjomba. Hakuna mwananchi aliyeulizwa wakati Jumuiya inajengwa, na hakuna aliyeulizwa wakati inabomolewa.

Hapa nisimame kidogo, maana nikisema hivyo tu nitakuwa nadanganya kwa kunyamazia upande wa pili. Muungano wa Tanganyika na Zanzibar nao hatukuulizwa. Hati za Muungano zilitiwa saini tarehe 22 Aprili 1964, Bunge la Tanganyika likaitwa Jumamosi ya tarehe 25, na Jumapili ya tarehe 26 tukaamka nchi nyingine. Siku nne! Hata harusi ya kijijini huchukua zaidi. Na Muungano huo, wenye haraka kiasi hicho na usio na kura, umevuka miaka 60 ukiwa hai. Kwa hiyo anayesema kitu kisichopigiwa kura hakidumu, amekosea, na ushahidi uko mezani.

Ila kudumu ni jambo moja, kutulia ni jingine. Muungano wetu umedumu ukiwa na swali lisilozimika. Tume hadi tume, kila moja inakuta swali lilelile limeketi mlangoni: lini tuliulizwa? Mimi simlaumu Mwalimu kwa Aprili 1964. Mapinduzi ya Zanzibar yalikuwa na miezi mitatu tu, wakubwa wa dunia walikuwa wanavutana, na penye moto huwezi kuitisha mkutano wa ukoo. Lakini moto ulizimika zamani, na mkutano haujaitwa.

Lipo pia jambo jingine linalonisumbua zaidi, na nalitoa dhidi yangu mwenyewe. Mwaka 1991 iliundwa Tume ya Jaji Mkuu Francis Nyalali, kuwauliza Watanzania: tubaki na chama kimoja au twende vyama vingi? Takriban asilimia 80 ya waliotoa maoni walisema tubaki na kimoja. Tume ikashauri twende vingi, kwa kuwaheshimu wale wachache na kwa kuangalia dunia inakoelekea, na Mwalimu mwenyewe alikuwa upande huo. Julai 1992 sheria ikabadilika. Sasa fikirini: ingekuwa kura ya maoni, vyama vingi vingeanguka, na huenda mimi leo nisingeongea nanyi kwa kujiachia hivi. Wengi wanaweza kukosea. Mimi nimekubali hivyo. Ninachouliza ni hiki: wakati Bunge linapokosea juu ya jambo ambalo halirudi nyuma, kosa hilo ni la nani? Kosa la wengi angalau lina wenyewe.

Na haya ya ndiyo na hapana si mageni kwetu. Wazee mnakumbuka uchaguzi wa chama kimoja tangu mwaka 1965. Kwa ubunge mlichagua kati ya jembe na nyumba, kwa urais mkamkuta mgombea mmoja, ndiyo au hapana, ndiyo maana mpaka leo mnasema kwa utani kwamba Rais alikuwa akishindana na kivuli. Kwa hiyo mama zetu walishika karatasi ya ndiyo na hapana kabla sisi hatujazaliwa. Waliulizwa juu ya mtu. Sisi tunaomba kuulizwa juu ya andiko.

Mara moja tu tulikaribia. Na aliyetufikisha karibu ni mtu wa huku kwetu, Jaji Joseph Warioba, mzaliwa wa Bunda. Tume yake ya Mabadiliko ya Katiba ilianza kazi mwaka 2012, Makamu wake akiwa Jaji Mkuu mstaafu Augustino Ramadhani, na miongoni mwa wajumbe alikuwamo Joseph Butiku wa Butiama. Rasimu ya kwanza ikatoka Juni 2013, ya pili Desemba mwaka huo huo, ikiwa na pendekezo la serikali tatu lililowatoa watu jasho. Bunge Maalumu likaanza Dodoma Februari 2014. Aprili, UKAWA, umoja wa vyama vya upinzani, wakatoka nje. Waliobaki wakaendelea, rasimu ikabadilishwa, serikali tatu zikarudi kuwa mbili, na tarehe 2 Oktoba 2014 ikapatikana Katiba Inayopendekezwa, ibara karibu 300. Sheria ilitaka ipigiwe kura ya maoni, na ipite pande zote mbili za Muungano, Bara kwa hesabu yake na Zanzibar kwa yake. Siku ikatajwa: 30 Aprili 2015.

Nakala yangu ninayo. Niliisoma kwa kalamu nyekundu, nikiwa na nia ya kupiga kura ya hapana, nakiri. Tarehe 2 Aprili 2015, Mwenyekiti wa Tume ya Uchaguzi, Jaji Damian Lubuva, akatangaza kwamba kura imeahirishwa kwa sababu uandikishaji wa wapiga kura kwa mashine mpya haujakamilika. Imeahirishwa, alisema. Haikufutwa. Haijawahi kupangiwa siku nyingine. Miezi kadhaa baadaye nilinunua karanga stendi, nikafungua kikaratasi nikakuta sharti la uraia na nusu ya ibara juu ya maadili ya viongozi. Nikazila karanga zote, karatasi nikaikunja nikaitia mfukoni. Hapana yangu nayo bado iko mfukoni, maana sanduku la kuitumbukiza halikuja.

Wenzetu wa visiwani waliwahi kulipata sanduku hilo. Tarehe 31 Julai 2010, Wazanzibari waliulizwa kama wanataka serikali ya umoja wa kitaifa. Asilimia 66.4 wakasema ndiyo. Swali lilikuwa moja na linaeleweka: je, vyama viwili vilivyogombana hadi damu ikamwagika vitawale pamoja? Uchaguzi uliofuata, Oktoba ile, ulipita kwa utulivu ambao Wazanzibari walikuwa hawajauona tangu vyama vingi virudi. Sitasema kila kitu kilikaa sawa baadaye, wote tunajua uchaguzi wa visiwani wa 2015 ulivyofutwa. Lakini kwa lile swali, siku ile, watu walijua wanachokipigia.

Kura ya maoni ya Kenya ya 2005 juu ya Katiba ni hadithi tofauti, na ndiyo inayowapa nguvu wanaopinga kura za namna hii. Chungwa lilikuwa hapana, ndizi ilikuwa ndiyo. Chungwa likashinda kwa asilimia 58. Ukiwauliza watu kule Migori walipigia nini, wengi watakwambia walimpigia Rais Kibaki kofi. Andiko lenyewe walilisoma wachache. Miaka mitano baadaye wakaulizwa tena juu ya andiko jingine, na zaidi ya theluthi mbili wakakubali. Ulaya nao hivyo hivyo: mwaka 2005 Wafaransa na Waholanzi waliikataa kwa kura Katiba ya Umoja wa Ulaya. Wakubwa wakafanya nini? Wakaandika mkataba mwingine, wa Lisbon, wenye mengi ya ule wa kwanza, wakaupitisha mabungeni kimya kimya. Ireland peke yao, kwa sababu ya Katiba yao, ndio walioupigia kura. Juni 2008 wakasema hapana. Wakapewa ahadi mbili tatu, wakaulizwa tena Oktoba 2009, wakasema ndiyo kwa asilimia 67. Kuna watu hadi leo wanasema Mwairishi aliulizwa mpaka akajibu walivyotaka. Mimi nasema afadhali yeye: hapana yake ya kwanza ilimpatia zile ahadi. Mfaransa aliyekataa hakurudiwa.

Sasa ile hoja kongwe kuliko zote, kwamba mwananchi wa kawaida hawezi kuelewa mkataba. Hii nimeisikia kwa wasomi, tena waliozaliwa hapa hapa Musoma na kula udaga kama sisi. Mwaka 2023 kulikuwa na ule mkataba wa bandari kati ya serikali yetu na Dubai. Ulitiwa saini Oktoba 2022, Bunge likauridhia tarehe 10 Juni 2023. Bandari si Katiba, na sidai ulihitaji kura ya nchi nzima. Lakini kumbukeni vijiwe vilivyokuwa miezi ile. Tafsiri za Kiswahili zilizunguka kwenye simu. Palikuwa na fundi viatu hapa Nyasho, elimu yake darasa la saba, ananieleza ibara ya 23 juu ya kuvunja mkataba, na kila nikijaribu kumpinga ananirudisha kwenye neno. Baadhi ya aliyoyasema yalikuwa yamepotoka, nisiwafiche. Lakini alikuwa amesoma! Na alisoma baada ya jambo kupita, akijua usomaji wake haubadilishi kitu. Angesoma vipi kama angejua mwezi ujao ataulizwa?

Na tumeshawahi kuulizwa, japo si kwa kura, tukajibu kwa akili timamu. Mwaka 2006 na 2007, nchi zetu zilipotaka kuharakisha shirikisho, serikali iliunda kamati chini ya Profesa Samuel Wangwe ikazunguka nchi nzima. Watanzania wengi walisema shirikisho tunalitaka, haraka hatuitaki. Angalieni jibu hilo lilivyo na pande mbili, lina heshima na lina breki. Agosti 2007 wakuu wa nchi walikutana Arusha na ile haraka ikawekwa kando. Hatukuleta vurugu, hatukumtukana jirani. Tulisema ngojeni kwanza tutazame ardhi yetu itakuwaje, na tukangojwa. Lakini tulingojwa kwa hisani ya waliokuwa madarakani, sheria haikuwalazimisha.

Kwa hiyo msimamo wangu ni huu. Mkataba wowote utakaoweka juu yetu Rais mwingine, Bunge jingine lenye neno la mwisho, au Katiba itakayoipita ya kwetu, upigiwe kura na wananchi. Uchapwe kwa Kiswahili na ufike kila mtaa miezi sita kabla, tena Kiswahili cha kusomeka, siyo kile cha kutafsiriwa usiku mmoja. Kura isifanywe siku moja na uchaguzi wa wabunge, tusije tukampigia mtu kofi kwa kutumia mkataba kama majirani na chungwa lao. Bara ihesabiwe peke yake na Zanzibar peke yake, kama ilivyopangwa mwaka 2015. Na tuambiwe mapema, kwa maandishi, tukisema hapana kitafuata nini. Gharama? Itakuwa kubwa, ndiyo. Kuvunja Jumuiya ya 1967 na kugawana mali zake kulituchukua miaka hadi 1984, na hilo nalo halikuwa bure.

Nisisitize kwamba mimi binafsi nalipenda shirikisho. Nikiulizwa kesho kwa andiko safi, huenda nikasema ndiyo, kwa ajili ya yule wifi na sado yake. Kinachonizuia kulishangilia sasa ni kwamba shangwe yangu haina mahali pa kuandikwa.

Mbunge wako akipita kwenye mtaa wako, na atapita, usimwombe kuchangia harambee tu. Mwombe sentensi moja katika Katiba, ile ya sasa au hiyo mpya inayosemwa kila msimu wa uchaguzi: kwamba mkataba wa kuiunganisha Tanzania na nchi nyingine chini ya mamlaka moja hautaridhiwa na Bunge kabla wananchi hawajaukubali kwa kura. Muulize ataiunga mkono au hapana, na jibu lake mlisikie wote mkutanoni.

Jumamosi nitarudi Nyasho kununua dagaa. Kijana wa bodaboda, kama unanisikia, jibu nililokuahidi nimelipata. Kwa Katiba ilivyo leo, mdogo wangu, tutatangaziwa.